Benki kuu ndo ilisababisha mdororo wa 1929?

SWALI: Kaka mhariri, kuna mwalimu wetu kasema mchumi Milton Friedman aliilaumu benki kuu ya Marekani kwa ule mdororo mkubwa wa uchumi, mi nilidhani ni soko la hisa lilianguka tu, kweli ipi?

JIBU: Hisa zilianguka kweli mdogo wangu, ila Friedman na mwenzake Anna Schwartz (huyu watu wanamsahau sana, na kazi ya kuchimbua takwimu aliibeba yeye) kwenye kitabu chao cha 1963 wanasema shida kubwa ilikuja baada ya hapo. Desemba 1930 kuna benki ya New York ilikuwa inaitwa Bank of United States, jina kama la serikali lakini ni ya watu binafsi tu, uvumi ukaanza, watu wakapanga foleni tawi la Bronx wanataka keshi yao, kesho yake ikafungwa, na wateja walikuwa zaidi ya laki 4. Benki kuu si ilikuwepo pale pale mjini, ikaiacha ife tu. Hadi 1933 benki kama 9,000 hivi zikafa na pesa iliyopo kwenye mzunguko ikapungua kwa karibu theluthi moja, sasa hapo nani atanunua, nani ataajiri?

Wapo wachumi wanaombishia, wanasema dhahabu ndo iliifunga mikono benki kuu, maana enzi hizo dola ilikuwa imefungwa kwenye dhahabu, hivyo haikuweza kuongeza pesa inavyotaka. Lakini 2002, Friedman anatimiza miaka 90, Ben Bernanke akiwa mmoja wa magavana wa hiyo hiyo benki kuu alisimama akakiri kwamba ni kweli, tulikosea, samahani.