Maswali na Majibu: Peter Frankenfeld, mshereheshaji wa koti la drafti

Wiki iliyopita tulimtaja Peter Frankenfeld miongoni mwa waliojenga burudani ya runinga Ujerumani Magharibi. Mmeuliza mengi, haya ndiyo majibu.

Je, alianzia moja kwa moja kwenye runinga?

Hapana. Alizaliwa Berlin mwaka 1913, na runinga ilimkuta keshaiva. Alikwisha pitia majukwaa ya vichekesho, akaenda vitani, na vita vilipokwisha akawatumbuiza wanajeshi wa Marekani kwenye klabu zao. Kisha akaingia redioni, Frankfurt.

Alikuwa na kipi ambacho wenzake hawakuwa nacho?

Hakuogopa mtu asiyemjua. Mwaka 1954 alianza kipindi cha *1:0 für Sie*. Alirusha hewani vidude vyenye mapanga kama ya helikopta, vikazunguka juu ya vichwa vya watazamaji ukumbini. Aliyedaka kimoja ndiye aliyepanda jukwaani kucheza mchezo. Hebu fikiria: anayekuja anaweza kuwa mwoga, mropokaji au bubu kwa haya, na wewe una dakika chache kumfanya apendwe na ukumbi mzima. Frankenfeld aliweza, tena bila kumdhalilisha mgeni wake. Hilo ndilo ninalomheshimia kuliko yote.

Alikuwa pia fundi wa kuiga lafudhi. Kichekesho chake cha kusoma utabiri wa hali ya hewa kwa lahaja za Kijerumani, akihama mkoa hadi mkoa, Wajerumani wanakitazama hadi leo.

Nimesikia alitumika kufundisha watu postikodi. Ni kweli?

Kweli kabisa. Ujerumani Magharibi ilianza kutumia postikodi za tarakimu nne mwaka 1962, na wengi hawakuzizoea. Mwaka 1964 kituo cha ZDF kikampa Frankenfeld kipindi cha *Vergißmeinnicht*, yaani "usinisahau", na asiyepaswa kusahaulika ni hiyo postikodi. Watazamaji walishiriki bahati nasibu kwa barua zilizoandikwa postikodi, na Walter Spahrbier, tarishi halisi wa posta, alitokea jukwaani na sare yake.

Lililo kubwa zaidi ni fedha zilizopatikana. Zilikwenda Aktion Sorgenkind, mfuko ulioanzishwa mwaka huohuo kusaidia watoto wenye ulemavu. Nchi ilikuwa bado na jeraha la Contergan, dawa ya usingizi iliyosababisha maelfu ya watoto kuzaliwa na viungo visivyokamilika. Mfuko huo upo mpaka sasa, kwa jina la Aktion Mensch.

Na lile koti?

La drafti kubwakubwa. Lilikuwa alama yake; ukiliona, umemjua.

Nani alimrithi?

Tangu 1975 aliongoza *Musik ist Trumpf*, onyesho kubwa la muziki la Jumamosi usiku. Alifariki Hamburg Januari 1979, mfululizo wa kipindi hicho ukiwa bado haujafungwa. Harald Juhnke, mwigizaji na mwimbaji, akakishika hadi 1981.