Kitabu cha kale katika riwaya ya fantasia: maswali yenu

Barua nyingi safari hii zimetoka kwa wanaoandika riwaya za fantasia, na karibu zote zinauliza kuhusu kile kitabu kikongwe chenye maarifa yaliyofichika. Ni kitu nikipendacho sana, kwa hiyo leo nimekipa nafasi yote.

Kitabu changu kinajua kila kitu. Mhusika mkuu akikwama, anakifungua na kupata jibu. Rafiki aliyesoma rasimu anasema hakuna taharuki. Kwa nini?

Kwa sababu kitabu kimemnyang'anya mhusika kazi yake. Akikifungua mara ya kwanza tunashangaa. Mara ya tatu tumeshajua kwamba atavuka. Usikiongezee siri, kipunguzie ujuzi. Kipe mwandishi: mtu aliyeishi zama fulani, aliyekuwa na mahasimu, aliyeandika mengine kwa kusikia tu. Kama aliishi kabla mto mkubwa haujahama, ramani yake itamfikisha mhusika kwenye mchanga mtupu, kiu imemshika. Mimi hupenda kitabu chenye kweli tisa na kosa moja, na hakuna aliye hai ajuaye kosa ni lipi.

Kimekaa pangoni miaka elfu mbili. Kurasa zitakuwa zimebaki?

Inategemea zimetengenezwa kwa nini, na hapa waandishi wengi hupita mbio. Magombo yaliyoanza kupatikana karibu na mwaka 1947 katika mapango ya Qumran, kando ya Bahari ya Chumvi, yalikuwa na umri wa takriban miaka elfu mbili. Mengi yalikuwa ya ngozi, machache ya mafunjo, moja la shaba. Ukavu wa pale uliyasaidia, lakini sehemu kubwa ilipatikana vipande vipande. Basi pango lako liwe kavu; likiwa na unyevu, ngozi hukunjamana na kuota ukungu. Fikiria wino pia. Wino wa masizi na gundi hutulia juu ya ukurasa, ila ule wenye chuma huweza kuula ukurasa polepole hadi herufi zikageuka matundu. Hebu mwone mhusika wako akisoma neno kwa umbo la tundu lake!

Tena si lazima kiwe na kurasa. Ninawi, mji mkuu wa Ashuru ya kale, ulipoteketezwa mwaka 612 KK, mabamba mengi ya udongo ya maktaba ya mfalme Ashurbanipal yaliokwa na moto yakawa magumu kama matofali, na wataalamu wanayasoma hadi leo. Katika ulimwengu wako, adui aliyechoma maktaba anaweza kuwa ndiye aliyeihifadhi.

Mwanafunzi wa mchawi anafumbua lugha ya kitabu kwa usiku mmoja. Inaaminika?

Kwangu hapana. Hati ya Voynich, iliyoko Chuo Kikuu cha Yale, imeandikwa kwenye ngozi ambayo vipimo vya kaboni vinaonyesha ni ya kati ya 1404 na 1438, na bado hakuna usomaji wake uliokubaliwa na wataalamu.

Lakini kuna hali nyingine tamu zaidi. Kisiwa cha Krete kilikuwa na maandishi kadhaa ya kale, na mawili kati yake huitwa Linear A na Linear B. Linear B ilifumbuliwa na Michael Ventris mwaka 1952, ikaonekana ni Kigiriki cha zamani sana. Linear A iliitangulia, na alama zake nyingi zinafanana na za mdogo wake, hivyo wataalamu hukisia matamshi ya maneno mengi bila kujua maana yake. Mpe mwanafunzi wako hali hiyo. Aweze kutamka ukurasa mzima kwa sauti, asijue anamwita nani.

Anakimbia nacho mkobani. Sawa?

Kikiwa kidogo, sawa. Codex Gigas, kitabu kikubwa cha zama za kati kilichoko Stockholm, kina kimo cha sentimita 92 hivi na uzito wa kilo 75 hivi. Kikifikia hapo, mtafutie mwenzake wa kumsaidia kubeba.

Lazima kiwe na laana?

Si lazima, ila ikiwepo iwe na sababu. Wanakili wa Ulaya ya zama za kati waliandika laana dhidi ya wezi ndani ya vitabu, kwa kuwa nakala moja iliweza kula miezi ya kazi. Laana iliyotoka kwenye vidole vilivyochoka hunigusa kuliko ile ya pepo asiye na haja na kitabu.

Mlinzi wa kitabu ni mzee mwenye ndevu nyeupe. Nimweke nani mwingine?

Mtu asiyejua anacholinda. Nakala ya kazi za Archimedes, mwanahisabati wa Ugiriki ya kale, iliyoandikwa karne ya 10, ilikwanguliwa, na juu yake kikaandikwa kitabu cha sala mwaka 1229. Hakuhitajika adui wa elimu. Ngozi ilikuwa ghali na mtu alihitaji kurasa. Mwaka 1906 mtaalamu wa Denmark, Johan Ludvig Heiberg, alikichunguza akamtambua Archimedes chini ya sala, mistari yake ikipita kwa kukingama.

Mlinzi wako basi anaweza kuwa mama anayefungua kitabu kila jioni awaimbie wanawe nyimbo zilizo juu, bila kujali michirizi hafifu iliyo chini yake. Anza riwaya siku ile mtoto mmoja anapoinua ukurasa kwenye mwanga wa dirisha.