Mwenzetu wa hosteli amefiwa na baba yake, naye hakuwahi mazishi: tumsaidie vipi?

SWALI

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakaatuh, shekhe wangu. Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa pili katika chuo kimoja hapa Moshi. Mwenzetu tunayelala naye chumba kimoja alifiwa na baba yake huko Kigoma, wiki chache kabla ya mitihani. Alisafiri siku ileile, lakini alipofika alikuta baba yake ameshazikwa, na hilo ndilo linalomtesa zaidi. Amerudi chuoni, ila darasani haonekani, chakula anakigusa tu, na usiku analia. Mmoja wetu alimwambia kwamba siku tatu za msiba zimekwisha na kwamba machozi yake yanamwadhibu marehemu kaburini. Tangu siku hiyo hasemi na mtu, na sisi wengine tunaogopa kufungua kinywa tusije tukaharibu zaidi. Dini inatutaka tumfanyie nini? Na marehemu ndiye aliyekuwa akimlipia ada.

JAWABU

Wa alaykumus salaam warahmatullahi wabarakaatuh. Binti yangu, Mwenyezi Mungu amrehemu baba wa mwenzenu, amsamehe, na awape subira wote aliowaacha.

Nianze na hilo la machozi, kwa kuwa ndilo lililomfunga mdomo. Ni kweli imepokewa hadithi sahihi kutoka kwa Ibn Umar na baba yake (Mwenyezi Mungu awawie radhi) kwamba maiti huadhibiwa kwa kuliliwa na watu wake. Lakini mwenye kuitaja hadithi hiyo mbele ya mfiwa analazimika kutaja na maelezo yake, la sivyo anyamaze. Mama Aisha (r.a.) alipoisikia aliipinga maana hiyo ya juujuu, akasoma kauli ya Mola wetu: "Wala habebi mbebaji mzigo wa mwengine." Wanazuoni wengi wakaeleza kwamba inamhusu aliyeusia aombolezwe kwa desturi za kijahiliya, yaani za kabla ya Uislamu, au aliyeyaridhia hayo katika uhai wake, na kilio kilichokatazwa ni cha kupiga mayowe, kujipiga mashavu na kuchana nguo. Machozi ya binti anayemlilia baba yake usiku hayamo humo hata kidogo. Mtume (s.a.w.) mwenyewe alimlilia mwanawe Ibrahim, na Abdurrahman bin Auf alipostaajabu kumwona analia, alimjibu kwamba hiyo ni rehema, kisha akasema kuwa jicho linatoa machozi na moyo unahuzunika, wala hatusemi ila linalomridhisha Mola wetu. Aliyemtisha mwenzenu amwendee, amwombe radhi, na amsomee maneno haya. Si aibu kufanya hivyo, na wala asingojee mtu mwingine amfanyie.

Ama siku tatu, hapa wengi huchanganya mambo mawili. Mama Ummu Habiba (r.a.), naye alikuwa binti aliyefiwa na baba, Abu Sufyan, aliagiza manukato akajipaka baada ya siku tatu, akasema kwamba wallahi hakuwa na haja ya manukato, isipokuwa alimsikia Mtume (s.a.w.) akisema si halali kwa mwanamke anayemwamini Mwenyezi Mungu na Siku ya Mwisho kumkalia maiti eda ya huzuni zaidi ya siku tatu, ila mume, miezi minne na siku kumi. Tazama alivyosema: hakuwa na haja ya manukato. Siku tatu zilikuwa zimepita na moyo wake ulikuwa bado uko kwa baba yake. Alichokitii ni mpaka wa mambo ya nje, yaani kuacha mapambo na kujifungia. Sheria haikuupangia moyo tarehe ya kupoa. Nabii Yaaqub (a.s.) alihuzunika kwa miaka mingi mpaka macho yake yakawa meupe, na alipolaumiwa na wanawe alijibu: "Hakika mimi namshitakia Mwenyezi Mungu sikitiko langu na huzuni yangu" (Yusuf, 12:86). Hakuna aya iliyomlaumu kwa hilo.

Sasa nije kwenye swali lako lenyewe. Katika kitabu cha hadithi cha Sunan an-Nasai imepokewa kutoka kwa Qurra bin Iyas kwamba Mtume (s.a.w.) alikuwa akikaa na masahaba zake, na miongoni mwao alikuwamo mtu aliyekuja na mwanawe mdogo. Mtoto yule akafariki, baba yake akaacha kuja kwenye kikao, kwa sababu kikao kilimkumbusha mwanawe. Mtume (s.a.w.) akauliza: mbona simwoni fulani? Akaelezwa. Akakutana naye, akamwuliza habari za mwanawe, yule mtu akamwambia kwamba amefariki, Mtume (s.a.w.) akampa pole na kumbashiria kwamba hatafika kwenye mlango wowote wa Pepo ila atamkuta mwanawe ametangulia kumfungulia.

Hadithi hii naiona kuwa imebeba karibu kila mnachohitaji. Mtu yule alikuwa akikosa kikao cha elimu, kama mwenzenu anavyokosa darasa, na hakuitwa mvivu wala dhaifu wa imani. Aliulizwa alipo. Mtume (s.a.w.) hakungoja arudi mwenyewe akiwa amepoa. Na zaidi ya yote, alimwuliza habari za mwanawe wakati ameshaambiwa kwamba amekufa. Alimpa nafasi ya kumtaja marehemu kwa kinywa chake mwenyewe, ndipo akamfariji. Ninyi mnaogopa kumtaja baba yake mkidhani mtamtonesha kidonda, kumbe kidonda hakijafunga hata kidogo, na ukimya wenu unamfanya aone kana kwamba baba yake hakuwahi kuishi. Kaa naye, mwulize baba alikuwa mtu wa namna gani, alifanya kazi gani, alipenda nini, alimwitaje alipokuwa mdogo. Akilia, usimkatize kwa mawaidha. Akikataa kuzungumza, kaa tu hapo hapo na daftari lako, urudi tena kesho.

Katika chakula tumeachiwa mwongozo ulio wazi. Jaafar bin Abi Talib (r.a.) alipouawa katika vita vya Mu'ta, mwaka wa 8 Hijria, Mtume (s.a.w.) aliamuru watu wa nyumba yake watengenezewe chakula, kwa kuwa limewafika jambo la kuwashughulisha. Nyumbani Kigoma majirani bila shaka walifanya hivyo. Hosteli hakuna jirani ila ninyi. Na Mama Aisha (r.a.), akifiwa na mtu wa jamaa zake, wanawake walikusanyika kisha wakatawanyika, wakabaki watu wa nyumbani na wa karibu, hapo ndipo alipoagiza upikwe uji mwepesi wa talbina, kwa kuwa alimsikia Mtume (s.a.w.) akisema kwamba unautuliza moyo wa mgonjwa na kuondoa baadhi ya huzuni. Uji huo ulipikwa baada ya umati kuondoka. Mwenzenu yuko katika wakati huo hasa: matanga yameanuliwa, simu za pole zimepungua, naye amebaki na watu wa chumba chake. Kipikeni kilicho chepesi, mkae naye mkile pamoja, kwa sababu mtu mwenye majonzi akiachiwa sahani peke yake huiacha ilivyo. Na kama mnaye mwenzenu Mkristo chumbani, kama ilivyo kawaida katika mji wetu huu, uji wake na pole yake vipokelewe kwa shukrani.

Hilo la kukosa mazishi linahitaji maneno yake. Kwanza aelezwe kwamba ndugu zake hawakumdharau. Mtume (s.a.w.) aliamrisha jeneza lisicheleweshwe, nao walitii amri hiyo ilhali njia ya kutoka Moshi hadi Kigoma ni ndefu. Pili, ajue kwamba mlango wa kumswalia baba yake haujafungwa. Mtume (s.a.w.) alimswalia Najashi, mfalme wa Uhabeshi, aliyefia huko mbali, na alipojua kwamba aliyekuwa akifagia msikiti amezikwa bila yeye kuarifiwa, aliuliza kaburi lake liko wapi, akaenda akamswalia hapo. Katika madhehebu ya Imamu Shafi, ambayo wengi wetu Afrika Mashariki tunayafuata, mtu anaruhusiwa kumswalia maiti aliye mji mwingine, na mwenzenu ni miongoni mwa wanaoruhusiwa, kwa kuwa alikuwa mtu mzima Mwislamu siku baba yake alipofariki. Mswalieni pamoja naye, hata wanne au watano tu. Tatu, asimuliwe habari ya Saad bin Ubada (r.a.), aliyefiwa na mama yake akiwa mbali, alimwendea Mtume (s.a.w.) akauliza kama sadaka atakayomtolea itamfaa, akajibiwa ndiyo, akaitoa bustani yake kuwa sadaka kwa ajili ya mama. Mwenzenu hana bustani, lakini anaweza kutoa hata msahafu mmoja msikitini au kumwombea baba yake kila baada ya swala, na dua ya mtoto mwema ni katika amali tatu zisizokatika kwa maiti.

Kuhusu masomo, msiishie kwenye dua. Mmoja wenu afuatane naye hadi kwa mshauri wa wanafunzi, wapeleke taarifa ya msiba kwa maandishi, na waulize utaratibu wa kuahirisha mtihani kabla siku ya mtihani haijafika, maana kuomba baada ya kukosa ni kugumu zaidi. Mpeni maandishi ya vipindi alivyovikosa bila kungoja aombe. Kuhusu ada, familia iharakishe kupata cheti cha kifo, kwa sababu Bodi ya Mikopo humtaka mwombaji aliyefiwa na mzazi awe na cheti hicho kilichohakikiwa na RITA, wakala wa serikali unaosajili vizazi na vifo. Mkichanga fedha, zipelekwe kwa siri na mtu anayemwamini. Jina lake lisitangazwe kwenye makundi ya simu.

Mwisho, angalieni hali yake kwa macho mawili. Akiendelea kutokula na kutolala, au mkisikia akisema kwamba anatamani kumfuata baba yake, jambo hilo si siri ya kutunza. Mwambieni mlezi wa hosteli siku hiyohiyo, msimwache peke yake, na mpelekeni hospitali. Mawenzi na KCMC zote zipo hapa mjini. Mtume (s.a.w.) ametuamrisha tujitibu na akatujulisha kwamba Mwenyezi Mungu hakuweka maradhi ila aliyawekea dawa, na majonzi yaliyofikia kiasi hicho yamo katika maradhi. Kumpeleka kwa daktari hakupunguzi chochote katika tawakkul, yaani kumtegemea Mwenyezi Mungu, yake wala yenu.

Na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi zaidi.