Kwa nini makadirio yako ya mafuta yanashuka chini ya sifuri

Ndugu, umeuliza kwa nini regresheni yako (mstari wa kukadiria maili kwa galoni kutokana na uzito) ya mtcars, seti ya data ya magari, inatoa maili hasi kwa galoni ukiiwekea lori la paundi 8,000. Hujakosea hesabu. Data hiyo ina magari 32 tu, kutoka jarida la Marekani la mwaka 1974, na zito kuliko yote halifiki paundi 5,500. Mlinganyo wa regresheni yako ni takriban maili 37.3 kwa galoni kutoa 5.3 kwa kila paundi 1,000 za uzito, hivyo karibu na paundi 7,000 unagonga sifuri. Usikadirie nje ya uzito uliomo kwenye data. Muhimu zaidi, geuza kipimo: kadiria galoni kwa maili 100. Matumizi ya mafuta hupanda na uzito karibu kwa mstari ulionyooka. Maili kwa galoni hupinda.