Maswali ya Jikoni: Vibibi Visivyotoa Matundu

Swali: Nimejaribu mara tatu kupika vibibi, vile vikate vya mchele na tui, na kila mara vinatoka vizito, havina matundu, na upande wa chini unakuwa mgumu ilhali juu ni majimaji. Ninachanganya vikombe 2 vya unga wa mchele wa dukani na tui lililotoka motoni, sukari na kijiko kimoja cha chai cha hamira, kisha ninaliacha rojo usiku kucha. Je, niongeze hamira?
Msomaji, Tanga

Jibu: Hamira hiyo inatosha, bali inauawa kabla haijafanya kazi. Tui linalounguza kidole huiua, kwa hiyo liache lipoe mpaka liwe vuguvugu. Ukiwa na shaka na hamira yenyewe, itie katika robo kikombe cha maji vuguvugu pamoja na sukari kidogo. Isipotoa povu baada ya dakika 10, itupe.

Jambo la pili, ambalo kwa maoni yangu ndilo kubwa zaidi, ni huo unga. Mchele hauna ule mnato wa ngano unaoshika hewa, hivyo kinachozuia mapovu yasitoroke ni uzito na ulaini wa rojo peke yake, na unga wa dukani mara nyingi una chengachenga ambazo hutuama chini ya bakuli. Ndiyo sababu vibibi vyako ni vigumu chini na majimaji juu. Roweka vikombe 2 vya mchele mkavu usiku kucha, uchuje maji, kisha usage katika blenda pamoja na kikombe kimoja na robo cha tui zito, iliki na vijiko 2 vya wali uliopikwa, mpaka ukisugua rojo kati ya vidole usisikie mchanga wowote. Wali huo si wa kubana matumizi: wanga wake uliokwisha kuiva hulifanya rojo liwe zito kiasi cha kuzuia mchele mbichi usizame. Rojo likiwa zito mno hata blenda inakwama, ongeza tui kidogo kidogo.

Tia hamira mwishoni, pamoja na nusu kikombe tu ya sukari, kwa kuwa sukari nyingi huichelewesha na pia huunguza kibibi chini kabla juu hakujakauka. Funika bakuli na uliache mahali penye joto. Kwa joto la Tanga, saa moja huwa yatosha. Usiku kucha ni kupita kiasi, kwani rojo huumuka, likashuka tena na kuanza kuchachuka. Lipike likiwa bado limejaa povu, na kila unapochota upawa, koroga taratibu kutoka chini.

Kikaango kidogo kipate moto wa wastani na kipakwe mafuta kiasi cha kung'aa tu. Mimina, kisha usikiguse wala usikifunike. Matundu huanzia pembeni na kusogea katikati. Yakishafunguka na kubaki wazi, hapo ndipo unapofunika kwa dakika moja au mbili ili juu paive. Ukifunika mapema, matone ya mvuke huanguka na kuyaziba. Kibibi hakigeuzwi, ingawa najua wapo wanaogeuza. Mimi napenda uso wake ubaki mweupe, maana matundu hayo ndiyo yanayonywa tui la kumiminia.

Swali: Rojo likibaki baada ya futari, naweza kuliweka kwenye friji?
Msomaji, Mombasa

Jibu: Unaweza mpaka daku, si zaidi, kwa sababu hamira huendelea kufanya kazi polepole hata kwenye baridi, na tui nalo huharibika. Ni afadhali upike vyote, uvihifadhi vikavu, kisha uvipashe ndani ya kikaango kilichofunikwa na kuvimiminia tui wakati wa kula.