Kipunji huyu au kipunji hiki?

SWALI: Nafundisha shule ya msingi huku Tukuyu. Wanafunzi wameandika "kipunji hiki" na "spishi huyu". Mwenzangu anasema la kwanza ni sahihi kwa kuwa kipunji yuko ngeli ya KI-VI. Halafu, "spishi" si ni "aina" tu?

JIBU: Yote mawili ni makosa, mwalimu. Kipunji, yule kima wa misituni, ana uhai, kwa hiyo hufuata upatanisho wa A-WA: kipunji huyu amepanda, vipunji hawa wamepanda, kipunji mdogo (si kidogo), kipunji wa Rungwe. KI- na VI- hubaki kwenye nomino tu, kama kwa kiboko na kifaru. Mwenzako anafuata mpango wa zamani wa kupanga nomino kwa viambishi vyake. Mpango huo haumwambii mtoto kitenzi kianze na nini.

Spishi nayo ni I-ZI, kwa sababu ni jina la kundi, yaani viumbe wa namna moja wanaozaana wao kwa wao. Juu ya mti unamwona kipunji, huioni spishi. Kwa hiyo: "Spishi hii inaishi Rungwe na Udzungwa."

Wanabayolojia nao walianza na umbo la nje. Mwaka 2005, wakitegemea zaidi picha, walimwita *Lophocebus kipunji*, yaani walimweka katika jenasi (kundi la spishi zenye undugu wa karibu) ya *Lophocebus*. Baadaye kipunji mmoja ambaye hajakomaa akakutwa amekufa mtegoni shambani. Fuvu na DNA yake vikaonyesha kwamba hawezi kukaa na hao Lophocebus. Kwa nasaba yu karibu zaidi na nyani. Mwaka 2006 akaundiwa jenasi yake, *Rungwecebus*. Jina la jenasi likabadilika, *kipunji* likabaki. La kwanza huanza kwa herufi kubwa, la pili kwa ndogo, yote kwa herufi za mlazo. "Rungwecebus Kipunji" ni kosa ninalokutana nalo mara nyingi.

Aina ni neno pana mno. Kikondo na Sasamua ni aina mbili za viazi mviringo, lakini spishi ni moja, *Solanum tuberosum*. Mkulima akisema "aina" yuko sahihi. Akisema "spishi mbili" amepotoka.

Tahadhari moja: bayolojia nayo ina ngeli. Ngazi zake ni himaya, faila, ngeli, oda, familia, jenasi, spishi. Kwenye mtihani andika "ngeli ya nomino kipunji", la sivyo atakayejibu "mamalia" itabidi umpe alama zake.