Kuhama kwa huduma kamili, Dar hadi Dodoma: maswali yenu na majibu yetu

Tangu Serikali ilipotangaza mwaka 2016 kwamba inahamia Dodoma, barabara ya Morogoro imepitisha vitanda na makabati yasiyo na idadi. Safari ni kilomita kama 450, na bado familia nyingi zinafuata. Maswali mengi tuliyopokea safari hii yanahusu kampuni zinazotangaza "huduma kamili": zinakuja nyumbani, zinafunga vyombo, zinasafirisha na kukupangia ulikofika. Tumechagua manane.

Fuso nimeipata kwa theluthi ya bei waliyonitajia watu wa huduma kamili. Hizo theluthi mbili zilizobaki nazilipia nini? – Msomaji, Mbezi Beach

Unalipia mikono, vifungashio na karatasi, na sehemu kubwa ya hivyo inatumika kabla gari halijawashwa. Ukikodi gari tu unapata dereva, nafasi na turubai. Huduma kamili inatakiwa ianze na mkaguzi anayekuja nyumbani. Siku moja kabla ya safari wanakuja vijana wanne hadi sita na maboksi yao, wanafunga chumba kimoja baada ya kingine, na fundi anafungua vitanda na makabati. Kila kitu kinaandikwa kwenye orodha yenye namba. Gari liwe na bodi la kufungwa. Mkifika, wanashusha, wanaunga vitanda, wanatoa vyombo kwenye maboksi na kuondoka na karatasi na plastiki zote.

Kila kimoja kati ya hivyo kiulizie kwa jina lake na kiandikwe kwenye mkataba. Neno "kufungua" ndilo linaloleta ugomvi mwingi. Kampuni moja inamaanisha kukata solotepu na kuyaacha maboksi katikati ya sebule, nyingine inamaanisha sahani ziwe rafuni na vitanda vimetandikwa. Kati ya hizo mbili kuna kazi ya siku nzima ya watu wanne.

Angalia pia ngazi. Kama unatoka ghorofa ya tatu isiyo na lifti, au gari kubwa haliwezi kufika getini na itabidi vitu vipokezanwe kwa kenta, hayo yawe ndani ya bei. Kijana anayedai hela ya soda kabla ya kushusha godoro ni dalili kwamba kampuni haikuhesabu kazi yake vizuri, na wewe si wa kulipia kosa hilo.

Wameniuliza kwa simu nina vyumba vingapi, wakanipa bei palepale. Inatosha? – Msomaji, Tabata

Haitoshi. Idadi ya vyumba haielezi kilichomo ndani yake. Mkaguzi makini anatumia dakika 45 hadi saa nzima: anafungua makabati, anachungulia stoo, uvunguni na uani, halafu anahesabu kwa mita za ujazo. Sofa ya watu watatu yenye urefu wa mita 2, kina cha sentimita 90 na kimo cha sentimita 90 inakula mita za ujazo 1.6. Bodi la gari lenye urefu wa mita 6, upana wa 2.2 na kimo cha 2.2 lina mita za ujazo 29, lakini huwezi kulijaza lote, kwa sababu mianya kati ya vitu hula sehemu ya kumi au zaidi. Hesabu 26 na usivuke hapo. Hesabu hii ikikosewa, siku ya safari utaona viti vimepandishwa juu ya sofa na boksi la vyombo vya udongo limekandamizwa na jenereta.

Ukaguzi kwa video unakubalika iwapo utamzungusha mkaguzi kila kona na kumfungulia kila kabati. Lakini aulize na unakokwenda: upana wa mlango, mkunjo wa ngazi, mahali pa kuegesha. Sofa yenye kina cha sentimita 90 haipiti mlango wa sentimita 80 bila kugeuzwa au kung'olewa miguu, na ni heri kulijua hilo mkiwa Tabata kuliko mkiwa mmesimama Dodoma saa moja usiku.

Jikoni nikifunga mwenyewe, si nitaokoa pesa? – Mama wa watoto watatu, Kigamboni

Utaokoa kidogo, Mama, na utajibebesha hatari ambayo ungeweza kuiacha kwao. Bima nyingi za mali iliyo safarini hazilipi kilichovunjika ndani ya boksi alilofunga mwenye mali, labda boksi lenyewe liwe limepondwa kwa nje. Kama bado unataka kupunguza gharama, funga nguo, matandiko na vitabu, wao uwaachie jiko.

Na wakiwa jikoni, watazame. Sehemu ya chini ya boksi ipigwe solotepu kwa umbo la H, katikati na pembeni zote mbili. Karatasi zilizofinyangwa zitangulie, unene wa sentimita 5 hadi 7. Sahani zisimamishwe kwa ukingo kama vitabu rafuni, kila moja na karatasi yake. Ukizilaza, ya chini inabeba uzito wa zote na shimo moja la barabarani linatosha kuipasua. Glasi ijazwe karatasi ndani kwanza, ndipo izungushiwe nje. Karatasi ziwe nyeupe, kwani wino wa magazeti unahamia kwenye vyombo na mikononi. Boksi likishafungwa, litikiswe kidogo: likilia, lifunguliwe na kuongezwa karatasi. Vitu vizito viingie maboksi madogo, na boksi moja lisizidi kilo 18. Namba na jina la chumba viandikwe ubavuni, maana maboksi yakipangwa juu ya mengine kifuniko hakionekani.

Friji, mashine ya kufulia na televisheni vinahitaji nini? – Msomaji, Sinza

Friji izimwe saa 24 kabla, barafu iyeyuke yote, ikaushwe, rafu zitolewe. Ibebwe imesimama. Ikilazwa, mafuta ya kompresa yanaingia kwenye mabomba, na ukiiwasha mapema kompresa inazunguka bila mafuta. Hata iliyosafiri wima iache itulie saa mbili hadi nne kabla ya kuiwasha, na iliyolazwa iache hadi kesho yake.

Mashine ya kufulia yenye mlango wa mbele ina matundu nyuma ya kuwekea boliti za usafirishaji, tatu au nne, ambazo fundi alizitoa siku mashine ilipoletwa na kuunganishwa. Zitafute sasa. Bila boliti hizo pipa la ndani linaning'inia kwenye springi na kugonga njia nzima. Maji yaliyobaki yatolewe kupitia kichujio kilicho chini mbele. Mkifika, boliti zitoke kabla ya kuiwasha, la sivyo itaruka sakafuni.

Televisheni isafiri wima, ikiwezekana kwenye boksi lake la awali. Kioo chake kinaweza kupasuka kwa ndani usione kitu mpaka uiwashe, kwa hiyo iwashwe mbele ya msimamizi kabla haijafungwa, na iwashwe tena mbele yake mkifika. Piga picha ya nyaya za nyuma kabla hazijachomolewa.

Nina kabati la mninga la marehemu bibi yangu, lina milango ya vioo na vanishi ya zamani. Naogopa kulikabidhi kwa mtu. – Msomaji, Upanga

Hofu yako ina msingi, maana kabati la namna hiyo hufa kwa makosa madogo ya watu wenye nia njema.

Kosa la kwanza ni solotepu. Ikibandikwa juu ya vanishi ya zamani inatoka nayo. Milango ifungwe kwa utepe wa kitambaa au, bora zaidi, ing'olewe kwenye bawaba na kusafiri peke yake. Skrubu ziingie kwenye mfuko wenye maandishi, na mfuko ufungwe ndani ya kabati lenyewe, usitupwe kwenye "boksi la skrubu" ambalo kila mtu atalitafuta usiku. Kila kioo kiwekewe kadibodi ngumu pande zote mbili. Ile alama ya X ya solotepu juu ya kioo haikizuii kupasuka, inashika vipande tu.

Kosa la pili ni kuzungushia nailoni moja kwa moja juu ya mbao. Bodi la chuma likipigwa jua la mchana huwa tanuri. Unyevu ulio ndani ya mbao unatafuta pa kutokea, unakutana na nailoni, na vanishi iliyolainika kwa joto inabaki na madoa meupe au chapa ya plastiki ambayo haifutiki kwa kitambaa. Blanketi litangulie, nailoni ifuate juu yake kulishika blanketi. Mwambie msimamizi hivyo kwa sauti kabla vijana hawajaanza.

La tatu ni mahali pa kushika. Kabati linyanyuliwe kwa kitako, rafu zikiwa zimetolewa. Ile taji ya juu yenye nakshi mara nyingi imeshikwa kwa gundi na misumari michache, na ndiyo mkono wa mtu unayoiona kwanza. Lisiburutwe hata hatua mbili, kwa sababu mguu unavunjikia pale unapounganika na fremu. Garini lisimame, mgongo ukigusa ukuta wa bodi, na lifungwe mikanda kwa vimo viwili.

Kisha liko jambo ambalo kampuni chache hulitaja. Mbao hizo zimeishi kwenye unyevu wa pwani. Dodoma ni nyanda kame, na kiangazi chake kinadumu karibu Mei hadi Novemba. Mbao hutoa unyevu na kusinyaa kwa upana wa nyuzi zake, kwa urefu haisinyai kwa kiasi cha kuonekana. Mlango uliokuwa unakwama Upanga utaacha mwanya, viungo vitalegea, na ubao uliogongomewa misumari pande zote unaweza kupasuka kufuata nyuzi. Usiliweke karibu na dirisha linalopigwa jua. Na usimruhusu seremala apige randa wala kutia gundi wiki ya kwanza. Lipe miezi miwili litulie, ndipo ajue kilichobaki cha kurekebisha.

Dereva amesema gari lina bima. Ninahitaji nyingine? – Msomaji, Kinyerezi

Ndiyo. Bima ya gari dhidi ya mtu wa tatu inalipa waliogongwa, haigusi vyombo vyako vilivyo ndani. Omba bima ya mali iliyo safarini, na uone hati yenyewe kabla ya kulipa.

Ndani ya hati tafuta mambo manne. Kwanza, wanalipa kwa thamani ya kununua kipya, au kwa thamani ya leo baada ya kutoa uchakavu? Pili, ulitaja thamani yote? Tuseme vyombo vyako vina thamani ya shilingi milioni 30, wewe ukaandika milioni 15 ili ada ipungue. Kikivunjika kitu cha milioni 2, hati nyingi zitakulipa milioni 1, kwa sababu uliweka bima nusu. Tatu, seti: kiti kimoja kati ya sita kikivunjika, kwa kawaida utalipwa kiti kimoja, si sita. Nne, kifaa cha umeme kilichoacha kufanya kazi bila alama ya nje mara nyingi hakilipwi, na ndiyo sababu tumesisitiza televisheni iwashwe mbele ya mashahidi.

Vitu gani watakataa kubeba? – Msomaji, Ubungo

Mitungi ya gesi, hata uliokwisha, kwani ndani hubaki mvuke na bodi limefungwa. Petroli na dizeli, kwa hiyo jenereta limwagwe tangi. Rangi na tina. Hati za nyumba, vyeti, pasipoti, dhahabu, fedha taslimu na dawa mbebe ninyi wenyewe kwenye begi moja ambalo halitoki mkononi, hasa kama ninyi mnapanda treni ya SGR na vyombo vinatangulia barabarani. Kiyoyozi wanabeba, ila fundi wake aje kwanza arudishe gesi kwenye mtambo wa nje na kuziba mabomba.

Nikifika na kukuta kitu kimevunjika au hakipo, nifanye nini? – Msomaji, aliyehamia Nzuguni

Kazi inaanzia mlangoni mwa gari. Mtu mmoja wa familia asimame hapo na orodha, kila namba inayoshuka aitie alama, na mwingine awe ndani akionyesha chumba. Kushusha kufanyike mchana. Gari likifika usiku, lilale limefungwa na kushusha kuanze asubuhi, kwa sababu mkwaruzo hauonekani kwa mwanga wa simu. Soma pia maelezo yaliyoandikwa kwenye orodha siku ya kufunga: kama meza yako imeandikwa "imechubuka pembe mbili" na haikuwa hivyo, ulipaswa kupinga kabla ya kusaini, ukiwa bado Dar.

Watakuletea karatasi isemayo vyote vimepokelewa salama. Saini, lakini kando ya saini andika kwa mkono wako: "maboksi 41 hayajafunguliwa", au idadi yoyote iliyopo, pamoja na kila kasoro unayoiona. Sehemu ya malipo ibaki mkononi mwako mpaka kufungua kukamilike, na hilo likubaliwe kwenye mkataba tangu mwanzo. Dai lipeleke kwa maandishi ndani ya siku zilizotajwa kwenye hati ya bima, likiwa na picha na namba ya kitu. Boksi na karatasi zilizofunga kitu kilichovunjika usizitupe wala vijana wasiondoke nazo, maana mthamini wa bima ataomba kuona kilifungwaje.